Jina Ambalo Kifo Hakilitaki

Dada yangu mkubwa alikuwa amezika watoto wawili, wote kabla hawajaota meno. Wa tatu alipozaliwa, msichana, mama mkwe wake aliteremka kutoka Masisi akampa jina. Dada alilitafuta kwenye simu, akapata ukurasa unaosema maana yake ni "mwanga wa asubuhi". Alilia kwa furaha. Halafu akaniita kwake, mtaani Mabanga.

"Wewe mwenye kusoma, mwenye kubishia kila kitu, niangalilie kama ni kweli. Siku ya Mungu tunamubatiza."

Ukurasa ule ulisema jina ni la "Kiafrika". Lugha gani, haukusema. Jina langu mwenyewe, ambalo babu alinipa kwa sababu nilizaliwa wakati wa njaa, waliliandikia "mfalme shujaa". Nilifunga simu, nikatoka uani, ambako mama mkwe alikuwa akichambua maharagwe.

"Mama, ile jina ya mutoto, maana yake ni nini?"

"Mavi ya ngombe, ile tunafagiaka asubuhi," alijibu bila kuinua macho. "Kifo ikipita hapa, isikie tunaita mavi. Itaendelea na njia yake."

"Kuna mutoto mwingine ulishaka kuita vile?"

"Wangu wawili."

"Na wako wapi?"

"Mumoja ni bwana ya dada yako. Alibadirisha jina wakati ya kuanza masomo." Aliokota kijiwe cheusi katikati ya maharagwe, akakitupa. "Mwingine, haikusaidia."

"Sasa kwa nini unarudilia?"

"Wewe uko na dawa?"

Nilirudi ndani.

Nilimweleza dada yote, hata habari ya yule ambaye jina halikumsaidia. Alimtazama mtoto aliyelala. Nilitaka alikatae jina lile, mimi nisiyeamini kwamba kifo kina masikio. Akafunga ukurasa ule kwenye simu.

"Basi tusimuitage kwa sauti ya chini," alisema. "Kifo isikie."

Jioni mama jirani alileta sabuni ya mtoto, akafunua shuka.

"Ee, mutoto muzuri hivi."

Dada alinigeukia, uso umemkauka.

"Muzuri wapi, mama?" nilisema. "Angalia ile pua. Mubaya kabisa."

Jirani alicheka. Kisha akamwona dada, akaacha kucheka.

"Kweli," alisema, akimrudishia mtoto shuka hadi kidevuni. "Mubaya sana, huyu."