Dada Aliyetakiwa na Zimwi

Juzi nilikuwa Njoro kununua mbegu ya viazi, nikamsikia mama mmoja akimwambia mtoto wake, "Wewe, nitakula hayo mashavu." Nikasimama hapo, mtu mwenye vitukuu, na wivu ukanirudia kama zamani.

Unajua, sisi tulikulia kwenye kambi ya wafanyakazi katika shamba la mzungu, miaka ile ya Hali ya Hatari, wakati wa ukoloni. Mama alichuma maua ya pareto mchana kutwa. Mimi na dada yangu mdogo tulibaki na nyanya yetu tukipukuchua mahindi. Watu wazima walikuwa na hofu zao: jirani aliyempikia mzungu alinong'ona kwamba ile nyama ya kopo ni ya watu. Hofu yetu sisi ilikuwa zimwi. Asubuhi za baridi nyanya alituonyesha mvuke wa mlima Menengai, akasema chungu cha zimwi hicho, kimeshachemka.

Lakini zimwi hilo lilichagua. Katika kila hadithi lilitaka msichana mnono, na nyanya akifika hapo alimvuta dada, akamuuma mkono polepole. "Huyu ndiye linatafuta." Dada alicheka mpaka machozi. Mimi nilikuwa mwembamba kama ufito. Zimwi lilinipita tu.

Basi nikaanza kula. Nilimaliza uji, nikakwangua na ukoko wa sufuria, nikajipaka mafuta mikononi ning'ae. Siku moja tukiwa kwenye mahindi, nikamnyooshea nyanya mkono.

"Na mimi utanila lini?"

Akaweka gunzi chini. "Wewe una jina langu," akasema. "Nikikula wewe, nitakuwa nimejila mwenyewe. Nani hujila?"

Mama aliposikia jioni, alisema hakuna heshima kubwa kuliko hiyo. Huenda. Lakini nilirudisha mkono wangu bila alama ya jino, na kabla mahindi hayajaisha nyanya alikuwa amemuuma dada tena.

Shamba lile lilikatwa vipande. Nyanya alizikwa, hadithi zake zikakosa mrithi, na vitukuu wangu hawaogopi kuliwa na yeyote. Dada huja Krismasi. Kisukari kimemkondesha. Akinyoosha mkono kupokea chai, naangalia ile ngozi iliyokunjamana karibu na kiwiko, mahali meno yale yalipenda kutua.