Uzi wa Tatu wa Zeze la Shangazi

Shangazi yangu, mpiga zeze, ana hasira tangu Jumatatu, na mimi ninazo zaidi yake.

Miaka tisa iliyopita fundi mmoja wa sauti alimweka kwenye chumba chenye magodoro ukutani, akamwambia apige noti moja moja, kwa nguvu, kisha kwa upole, kutwa nzima. Noti hizo zingeingizwa kwenye kompyuta ili mtunzi yeyote, hata asiyejua zeze linashikwaje, abonyeze kinanda tu na zeze lilie. Ilipofika jioni uzi wa tatu ukalegea.

"Mwanangu, huu umeshuka," shangazi akasema. "Ngoja niukaze, turudie."

Fundi akatazama saa. "Usijali mama, tutaurekebisha kwenye kompyuta."

Alimpaka mafuta kwa mgongo wa chupa. Tangu hapo zeze la shangazi linalia kwenye matangazo ya sabuni, kwenye filamu za vita, mpaka kwenye lifti, na kote huko uzi wa tatu uko chini. Shangazi mwenyewe hakuna aliyemwita tena. Wamwite wa nini, na wanaye kwenye kompyuta?

Jumatatu akaitwa. Mtunzi wa muziki wa filamu alitaka zeze linalopigwa kwa mkono, liwekwe juu ya lile la kompyuta. Nilimsindikiza. Njia nzima alikuwa anatabasamu peke yake, na mimi nikamtania kwamba anakwenda kuposwa.

Akapiga. Mtunzi akavua hedifoni.

"Mama, uzi wa tatu umepanda. Ushushe kidogo ufanane na lile."

"Lile ni langu."

"Lako kivipi?"

"Nililipiga mimi. Uzi ulilegea, nikasema, hamkunisikiliza. Hilo unalolisikia ni kosa, baba."

Mtunzi akacheka kwa adabu, na hiyo adabu ndiyo iliyonichemsha damu. "Watu wameshalizoea, mama. Hili lako ndilo linalosikika la bandia."

Shangazi akashika kigingi cha kukazia uzi. Nikajua atashusha, maana kazi ni kazi, na hii ameingoja miaka tisa. Akakikaza palepale kilipokuwa, akaujaribu uzi kwa kidole, akalirudisha zeze kwenye mfuko wake wa kubebea.

"La kosa unalo tayari," akasema. "Endelea nalo."

Tukaingia kwenye lifti. Mlango ulipojifunga, zeze likaanza kulia kutoka kwenye dari. Shangazi akaziba masikio mpaka tukafika chini.