Ndoo Tupu za Kitangari

Ethel, mama wa Huruma, mzaliwa wa Lulindi aliyeolewa Kitangari, Newala, alikuwa amepiga video za harusi na vipaimara miaka kumi na miwili. Siasa hakuzitaka. Lakini mabomba ya Kitangari yalipokauka mwezi wa tatu mfululizo, na wanawake wakaanza kuandamana kila Jumanne na ndoo tupu vichwani hadi ofisi ya serikali, alibeba kamera akawafuata. Jumanne sita alizirekodi zote: nyimbo, vumbi, na Adija, kiongozi wao, akiwauliza walinzi, "Hao wakubwa zenu wanaoga na nini?"

Kisha ofisa mmoja akamwita. "Mama Huruma, tupe nakala. Mkoani nao waione shida yenu."

Ethel alifurahi, akampa.

Siku mbili baadaye wanawake tisa walikamatwa majumbani mwao. Polisi walishika karatasi zenye nyuso zao, zilizotolewa kwenye video ile ile. Ethel alikimbilia kituoni. Adija alimtazama kupitia nondo.

"Kumbe ulikuwa unatupiga picha ili tukamatwe?"

Ethel alitoka nje kwa hasira. Alimchukia yule ofisa, na zaidi akajichukia mwenyewe kwa kufurahi.

Wanawake wale walishtakiwa kwa kurusha mawe Jumanne ya sita. Ethel akajitolea kuwa shahidi wao mahakamani.

"Mheshimiwa, ninayo video nzima ya siku hiyo. Sijakata hata kidogo."

Mwendesha mashtaka alicheka. "Huyu ni mpiga video za harusi tu."

"Ndiyo. Na hata harusini kamera yangu huonyesha nani kaanza ugomvi."

Hakimu aliamuru ionyeshwe. Kwa dakika arobaini watu waliwaona wanawake wameketi chini wakiimba, halafu mgambo wawili wakitoka ofisini na kuzipiga ndoo mateke. Jiwe hata moja halikuonekana.

Wakaachiwa. Hakuna aliyewaomba radhi. Adija alimpita Ethel mlangoni bila salamu. Baada ya wiki mbili akaja nyumbani kwake.

"Jumanne tunakwenda tena. Njoo. Ila video usimpe mtu."

"Simpi hata mume wangu."

Jumanne hiyo ofisa yule yule alitoka nje akitabasamu, akaomba nakala nyingine. Ethel hakushusha kamera. Alimlenga usoni.

"Sema hapa hapa, watu wakusikie. Maji yanatoka lini?"

Tabasamu likamwisha. Aligeuka, akaingia ndani, akajifungia.