Karatasi Niliyoipeleka Jikoni

Kuna asubuhi moja inayonirudia kuliko nyingine zote, mwanangu Makena, na inanirudia kwa sababu ya karatasi. Haikuwa barua wala hati. Ilikuwa karatasi ya kuchagulia chakula cha mchana, ile ambayo wazee wanaotunzwa huwekewa alama ya vema mbele ya supu au mbele ya samaki. Upande wa nyuma palikuwa na mchoro wa penseli. Niliigeuza, nikaweka alama zangu, nikaipeleka jikoni. Nitakueleza ilivyokuwa, ila uniache nizunguke kidogo, maana mimi ni mtu wa kuzunguka tangu zamani.

Haya yote yalifufuka Jumamosi iliyopita, kule kwenye ukumbi wa kanisa Ladywood, hapa Birmingham, ulipokuja umevaa fulana yenye picha ya jenerali wa msituni, nywele zake zimesokotana hadi mabegani. Ukaniuliza mbele ya wenzako, "Anko, babu yako alipigania uhuru, si ndiyo? Alimjua huyu?"

Nikakuambia hapana. Babu yangu alibeba sufuria.

Mlicheka wote. Mmoja wenu akasema, "Mpishi mkuu wa uhuru!" Hata mimi nilicheka, utani ulikuwa mzuri. Lakini tangu nilipopanda basi kurudi kwangu Sparkbrook natafuta namna ya kukujibu vizuri zaidi.

Babu yangu Ndirangu hakuwa na cheo. Aliingia msituni akiwa ameacha nyumbani mke na mtoto mmoja, naye mtoto huyo, ambaye alikuwa hajaanza kutembea, ndiye baba yangu. Kundi lao lilikuwa na bunduki mbili zilizotengenezwa kwa bomba la maji, na sufuria moja. Kazi ya babu ilikuwa hiyo sufuria. Kila walipohama aliizungushia blanketi lake ili isigonge mianzi njiani, kwa sababu mlio mmoja tu wa bati ungetosha kuwamaliza wote. Habari hizi aliletewa nyanya yangu na mwenzao mmoja aliyetoka hai. Alimwambia pia kwamba siku waliyoshambuliwa walitawanyika, na Ndirangu hakuonekana tena. Basi. Hakuwa na zaidi.

Kando ya nyumba yake Nyanya aliacha kipande cha ardhi chenye urefu wa mtu, asikilime miaka yote. Viazi viliishia huku, mahindi yakaanzia kule. Nikiwa mdogo nilidhani ni njia. Kumbe alikuwa anamngojea babu. Hakungoja arudi kwa miguu yake, hilo alikwisha kuliacha. Alingoja kuambiwa alipolala, ili wakachote japo udongo wa hapo wauzike nyumbani, naye afe akijua. Kila mjukuu aliyefunga safari aliambiwa neno moja: "Ukikutana na mtu anayejua, muulize."

Na mimi ndiye niliyesafiri kuliko wajukuu wote. Shule niliiacha darasa la saba. Nikawa utingo wa malori ya Kampala, kibarua wa bandarini Mombasa, mwosha vyombo melini, na miaka zaidi ya ishirini iliyopita nikajikuta Birmingham, nina thelathini na kidogo, napanga chumba juu ya duka la vitambaa Ladypool Road. Nafasi ya shule ilichukuliwa na udadisi. Nilisoma kila kitabu nilichokiona kimetupwa au kinauzwa bei ya chai. Nilivipenda vitabu vya vita hasa, na vyote vilikuwa vya wakubwa: nani alitoa amri, nani alimsaliti nani, nani alikataa kumpa nani mkono. Nikajiambia nami nitaandika changu. Nikanunua daftari jeusi lenye jalada gumu.

Kazi niliipata Sutton Coldfield, pembezoni mwa jiji, kwenye makao ya wazee. Huko nyumba zina bustani mbele na bustani nyuma, na abiria wa treni ya asubuhi hawaongei kabisa. Zamu yangu nilifanya pamoja na Solange, mama mmoja kutoka Bukavu, Kongo, mwepesi wa mikono na mwepesi wa ulimi. Chumba namba tisa kilikuwa cha Mzee Len.

Len alikuwa na miaka sabini na kitu, fundi mstaafu wa kiwanda cha magari, mkono wake wa kulia umepooza kwa kiharusi. Siku ya kwanza nilipokuwa namvalisha soksi aliniuliza natoka wapi. Nilipomwambia, akatoa Kiswahili chake chote kwa mpigo mmoja: "Kuja hapa! Keti chini! Mikono juu!"

Nikamjibu kwa Kiingereza, "Mzee, nikiinua mikono, hizi soksi atakuvalisha nani?"

Alicheka hadi akakohoa. Kisha akaniambia kwamba alichukuliwa jeshini kwa lazima akiwa na miaka kumi na tisa, akapelekwa kwetu kwa meli, akidhani anakwenda kuona simba. Kazi yake ilikuwa kubeba redio ya kikosi mgongoni, kupanda nayo milima na kushuka nayo. "Simba sikumwona," alisema.

Ningekuwa na akili ya Nyanya, ningejua palepale kwamba nimemkuta mtu anayejua. Badala yake nikafungua daftari. Kamanda wenu alikuwa nani? Amri ilitoka kwake au ilitoka juu yake? Kuna mkubwa aliyeipinga? Len alikuna kichwa kwa mkono wake mzima. "Sisi tulikuwa watoto wa kubeba mizigo," aliniambia. "Hakuna aliyetuambia kitu."

Lakini alikuwa na jambo lake, na kila siku alilianza upya. Siku moja alifika mbali kuliko siku zote. Alisema, "Kulikuwa na watu watatu wamekufa karibu na mto. Ofisa alisema tuwaache hivyo hivyo. Mimi na mwenzangu tukabaki nyuma, tukawafukia. Mvua ilikuwa imetulowesha, tukachemsha chai kwenye..."

"Ofisa gani?" nikamkatiza. "Jina lake nani?"

Alinitazama kama mtu aliyefungiwa mlango usoni. "Nimelisahau," akasema. "Mto ninaukumbuka."

Solange alikuwa anabadilisha shuka. Akaniambia kwa Kiswahili chao, "Eh, Papa, weye uko polisi? Muache muzee amalize. Yeye anasema ya mto, weye unauliza ya mukubwa."

Nikamwambia, "Solange, historia haiandikwi kwa mito."

Ndivyo nilivyosema. Mwanangu, kuna maneno mtu huyatoa kinywani kwa dakika moja kisha akakaa nayo maisha yake yote.

Alhamisi ya wiki hiyo nilimkuta Len ameegemea meza yake ndogo, anachora kwa mkono wa kushoto nyuma ya karatasi ya chakula. Alichora kwa taabu, ulimi umetoka pembeni mwa mdomo. Palikuwa na mstari uliopinda, viduara vitatu vilivyokaribiana, na kando yake umbo la mraba lenye msalaba juu. Akagonga viduara kwa ncha ya penseli. "Hapa," akasema. "Hapa."

Nikatazama kama ameandika jina lolote. Hakuna. Nikamwambia ahsante kwa sauti ile unayomwambia mtoto aliyekuchorea paka. Kule jikoni walikuwa wanapiga kelele kwamba karatasi ya chumba namba tisa haijafika. Nikaigeuza. Vema kwenye supu, vema kwenye samaki. Nikaipeleka. Nilijiambia kwamba atachora nyingine.

Jumapili nilimpigia Nyanya simu. Binamu yangu alimshikia simu sikioni, nami nikaanza kujisifu. Nyanya, nimempata askari wao! Niko karibu kulijua jina la ofisa!

Akaniacha nimalize. Kisha akauliza, "Huyo askari, aliwahi kufukia watu?"

"Anasema watatu."

"Wapi?"

"Karibu na mto."

"Mto gani?"

Nikapekua daftari. Mto haukuwamo.

"Walikuwa na sufuria?"

"Sikuuliza, Nyanya."

Nilisikia kuku wa binamu wanalia uani. Nyanya hakupandisha sauti. Alisema, "Na jina la mkubwa wao mimi nitalifanyia nini? Nitalizika?"

Nikajitetea, nikamwambia waliokufa msituni ni wengi, huenda wale hawakuwa watu wake. Akasema, "Najua huenda si wangu. Lakini wana wenyewe. Ungeniambia mto, ningetembea hadi kwa Njeri wa ng'ambo ya bonde, nikamwambia. Na yeye bado anangoja wake." Kisha akasema, "Rudi ukaulize."

Jumatatu nilipanda treni ya kwanza, nimebeba ramani ya milima yetu niliyoichimbua kwenye duka la vitabu vikuukuu. Kitanda cha namba tisa kilikuwa kimetandikwa. Solange akaniambia Len amepigwa na kiharusi kingine na amepelekwa hospitali. Nikashuka mbio hadi jikoni. Mpishi aliniona kama nina kichaa. Karatasi za wiki nzima, alisema, hutupwa kila Ijumaa.

Len alirudishwa baada ya wiki mbili, hana kauli. Macho yake yalikuwa yale yale, lakini kinywa hakikutoa neno. Nilitandika ramani juu ya meza yake, nikamtia penseli mkononi. Penseli ikaanguka. Nikaiokota, nikamtia tena, nikakunja vidole vyake kwa vidole vyangu. Ikaanguka tena. Nikapita kwenye mito yote ya ramani kwa kidole, mmoja mmoja, nikimwomba afumbe macho tukifika penyewe. Alifumba macho kwenye mto wa pili, na wa tano, na wa sita, na machozi yalikuwa yanamtoka, kwa hiyo sikujua lipi ni jibu na lipi ni chozi.

Mwisho nikamuuliza nilichopaswa kumuuliza siku ile. "Len, ile chai mliichemsha kwenye nini?"

Akanyanyua mkono wa kushoto, polepole, akagonga kwa ukucha birika la bati lililokuwa mezani. Akagonga mara mbili.

Mpaka leo, Makena, sijui kama alikuwa ananijibu au alikuwa na kiu. Nikammiminia chai. Hakuinywa.

Alikufa kabla ya Krismasi. Nyanya aliishi miaka mitatu zaidi, na hakuniuliza tena hata mara moja. Kila nilipopiga simu aliniuliza nimekula nini na kama baridi imepungua. Afadhali angenigombeza. Tulimzika kando ya kile kipande chake, nacho bado hakijalimwa. Kipo kati yake na viazi.

Na yule ofisa? Nilikuja kumpata. Jina lake limo kitabuni, pamoja na picha na orodha ya medali. Lilikuwa limekaa kwenye rafu ya maktaba muda wote ule, wala halikuwa na haraka. Aliyekuwa na haraka ni Len. Wakubwa wa pande zote mbili, wa kwetu na wa kwao, wana watu wa kuwaandika, na mitaa, na fulana. Sisemi uivue fulana yako. Yule jenerali aliteseka na anastahili kukumbukwa. Ila yeye hatapotea ukimwacha hadi mwakani. Mbeba sufuria na mbeba redio ndio waliojua mto, na wote wawili walikwenda na mto wao. Mmoja wao nilimvalisha soksi kwa mikono yangu.

Basi nasaha yangu ni hii, na sina nyingine kubwa kuliko hii. Nyanya yako amekuja kutoka Nyeri kwa miezi mitatu, na kila nikija kwenu namkuta sebuleni mbele ya televisheni asiyoielewa. Alikuwa msichana wakati wa vita vile. Hakuwa kiongozi wa kitu chochote. Kaa naye. Kiswahili chako unachokionea haya, kile unachokisikia vizuri lakini unajibu kwa Kiingereza, kinatosha kabisa. Usimuulize nani alitoa amri. Muulize walikuwa wanachota maji wapi, nani alilala karibu na mlango, aliyechukuliwa alikuwa amevaa nini. Akianza habari yake, hata ikionekana haina maana, usimkatize. Akikuchorea kitu, usigeuze karatasi. Uandike juu yake siku ile ile mahali ni wapi, umuulize kama umeandika sawa. Na ukiona ya kwake hayakuhusu, kumbuka Njeri wa ng'ambo ya bonde. Ni ya mtu fulani anayengoja.

Nenda leo, mwanangu, usingoje Jumamosi.

Mungu akupe subira ambayo mimi sikuwa nayo, na azilinde kumbukumbu za nyanya yako hadi uzipokee. Popote utakapofika katika dunia hii, wanaokupenda wasikose kujua ulipo. Na utakapozeeka, akija mtu kukuuliza habari zako, akuache umalize.