Raundi Saba na Nusu

Ukimuuliza Nyokabi ameishi Guangzhou miaka mingapi, hatakutajia idadi. Atakuambia, "Nilikuja mwaka ule wa michezo," kana kwamba tangu mji huu uanze haujawahi kuona michezo mingine. Anasema hivyo hata mwaka huu wa 2025, ambapo Michezo ya Taifa ya China imefunguliwa hapa hapa na bendera zake zimepangwa kando ya barabara, zikikusindikiza kutoka uwanja wa ndege wa Baiyun mpaka barabara ya Huanshi Zhonglu. Kwake michezo ni ile ya Asia ya Novemba 2010, na mwenye kubisha na abishe.

Ni mama wa miaka hamsini na mmoja, mzaliwa wa Nyahururu. Kazi yake ni kukusanya mizigo. Wakenya na Wakongo humpelekea marobota yao, yeye anayapima, anayaandika alama za wenyewe kwa wino mweusi, kisha yanaingia kontena moja hadi Mombasa. Ofisi yake iko ghorofa ya tisa, chumba kimoja chenye mizani, birika la chai na bango kubwa lililochakaa pembeni.

Bango hilo lina picha ndogo ndogo za michezo yote ya mwaka 2010, arobaini na miwili. Alipewa na bawabu wa hoteli wiki aliyofika, michezo ilipokuwa imeisha na mapambo yanashushwa. Siku hiyo alikaa kitandani akaichunguza picha moja moja. Kulikuwa na mashua ndefu zenye vichwa vya joka. Kulikuwa na chesi. Kulikuwa hata na dansi, mwanamume kamshika mwanamke kiunoni! Nyokabi alicheka peke yake, kisha kicheko kikamkauka. Mtu anapewa medali kwa kukaa kitini akisukuma kete, na mbio zake yeye hazimo. Aliomba msaada wa kusomewa ratiba ya riadha. Mita elfu tatu za wanawake aliambiwa zipo, lakini ni zile za kuruka viunzi na dimbwi la maji. Zile za kukimbia tu, za raundi saba na nusu, zilikwishasahauliwa duniani kote.

Hizo ndizo zilikuwa zake. Mwaka 1994, akiwa na miaka ishirini, alikimbia mchujo wa taifa Nairobi, wa kuchagua timu ya Michezo ya Jumuiya ya Madola. Walihitajika watatu. Nyokabi akawa wa nne, nyuma ya wa tatu kwa urefu wa mkono. Kesho yake gazeti liliandika majina matatu. Alilisoma mara mbili, akaligeuza, akatazama hata ukurasa wa matangazo ya vifo, jina lake halikuwepo. Kocha akamwambia, "Usilie. Michezo ijayo ni yako."

Michezo ijayo ilikuja bila mbio zake. Wakubwa wa riadha walikuwa wameamua kwamba wanawake nao sasa wakimbie elfu tano kama wanaume, na kwa haki ilikuwa heshima, maana zamani walidhaniwa watazimia. Wenzake walishangilia. Nyokabi alijaribu. Raundi ya saba alikuwa mbele, ya nane akapitwa, na ya tisa miguu ikagoma, akatoka kiwanjani akitembea. Alijaribu tena mara tatu, na kila mara ile ya tisa ilimngoja pale pale. Basi akauza viatu vyake vya misumari, akaingia Gikomba kuuza mitumba, na kutoka Gikomba maisha yakamleta China.

Lakini lile bango hakulitupa. Michezo ya Asia iliyofuata ilipopunguzwa, akachukua kalamu, akaipiga mstari picha ya dansi, na akawahurumia sana wale wacheza dansi asiowajua. Chesi nayo akaipiga mstari. Miaka ikapita, chesi ikarudishwa kwenye michezo ya Hangzhou, na siku hiyo Nyokabi aliizungushia duara jekundu, akawanunulia chai watu wote wa ghorofa ya tisa. Walidhani kontena lake limefika.

Sasa, Waafrika wa Xiaobei, mtaa wenye ofisi ya Nyokabi, nao wana michezo yao. Kila Novemba, jua likishapoa, hukodi kiwanja cha chuo kimoja upande wa Baiyun kwa Jumapili moja asubuhi. Waanzilishi walikuwa watatu, Nyokabi mmojawapo, na ni yeye aliyeandika kanuni ya kwanza: mbio bila watu wanne hazikimbiwi. Waliomuuliza kwa nini wanne na si watatu hakuwajibu. Akaweka pia mita elfu tatu za wanawake, na hapo hapakuwa na wa kumbishia, kwa kuwa mizigo yao ilikuwa mikononi mwake.

Miaka ya mwanzo walikimbia wanawake kumi, kumi na wawili. Baadaye wengine walirudi makwao, wengine wakanenepa. Mwaka jana, kanuni ikifumbiwa macho, Nyokabi alikimbia peke yake raundi zote saba na nusu, huku watu wakipiga makofi yale ya kuhurumia.

Mwenyekiti ni Bonaventure, Mkongo wa Lubumbashi, mfanyabiashara wa vipuri vya magari, mtu wa suti hata wakati wa joto. Mwishoni mwa mwezi wa kumi aliitisha kikao katika mkahawa mmoja wa Huanshi Zhonglu.

"Mama Nyokabi, pardon," alisema, bila kumtazama. "Michezo inabadilika. Vijana wanaomba kuruka kamba, wanaomba football ya ku-télévision, ile ya kubonyeza. Na mbio yako, mwaka jana ulikimbia na kivuli yako. Loi, ile kanuni, ni yako mwenyewe. Majina ine, vile uliandika, ama tunaitosha, tunaifuta."

Mchimba kisima huingia mwenyewe. Nyokabi aliitazama chai yake, akauliza, "Mwisho lini?"

"Ijumaa ya wiki ijayo, midi juste, saa sita kamili. Kisha liste inaenda kwa imprimeur kuchapwa."

Wiki ile Nyokabi hakulala vizuri. Kama ni mbio tu, angekimbia zake alfajiri kando ya mto na hakuna ambaye angemzuia. Alichotaka ni ziandikwe. Zikifutwa hapa hakuna pengine zitakapobaki, na yule msichana wa Nyahururu atakuwa hakuwahi kukimbia.

Alipanda basi mpaka Xintang kumtafuta Careen, binti wa Nairobi anayenunua jinzi, ambaye aliwahi kusikika akisema alikimbia shuleni. Alimkuta kwenye karakana, amesimama katikati ya suruali zilizorundikwa, akigombania bei.

"Laoban, tai gui! Ghali mno, hapana!" Careen alikuwa akimwambia tajiri wa karakana. Akageuka. "Auntie? Umekuja huku kwa ajili ya mzigo wangu?"

"Nimekuja kwa ajili ya miguu yako."

Careen alicheka mpaka tajiri naye akacheka bila kujua sababu. "Auntie, hii miguu imezoea lift. Raundi saba? Nitaangukia hapo katikati!"

"Saba na nusu. Ukianguka nitakupita, sitakubeba."

Labda ni jibu hilo lililomshika, labda ni kuona mama wa watu amesafiri saa nzima kwa neno hilo moja. "Sawa, weka jina yangu," alisema. "Na nitaongea na Séphora. Huyo Mkongo ana mapafu, skia vile anaimba kanisani."

Wakawa watatu. Wa nne alisumbua. Nyokabi aliuliza kila aliyeleta robota, mpaka watu wakaanza kumtumia madereva badala ya kuja wenyewe. Mwishowe ni Abigail, muuza viatu wa Mombasa aliyesilimu alipoolewa, mpole, aliyesema Ijumaa asubuhi, "Inshallah nitakimbia, dada yangu, ila nitavaa buibui langu la mazoezi." Nyokabi alimwambia hata akivaa shuka, aje.

Hapa yafaa mjue jinsi orodha zinavyoandikwa Guangzhou. Kwenye kundi la simu mtu anaituma orodha, wewe unainakili yote, unaongeza jina lako chini, unaituma tena. Orodha ya mwisho ndiyo orodha. Ni njia nzuri, ila wakiinakili wawili kwa wakati mmoja, wa nyuma anamfuta wa mbele bila kujua. Kila mfanyabiashara wa Xiaobei amewahi kupoteza nafasi ya kontena hivyo, na wote bado wanaandika hivyo hivyo.

Saa sita kasoro dakika nane, Abigail alinakili, akajiongeza. Dakika hiyo hiyo Séphora, aliyekuwa akiahirisha tangu Jumatatu, naye akanakili, akajiongeza. Orodha ya Séphora ikawa ya mwisho. Ilikuwa na Nyokabi, Careen na Séphora. Saa sita kamili Bonaventure alihesabu majina matatu, akazipiga mstari mbio hizo, akaipeleka ratiba kwa mchapishaji.

Nyokabi alikuwa bandarini na mizigo. Ratiba iliyochapishwa aliiona Jumamosi, ikiwa na wino mzuri na bendera pande zote. Alisoma mara mbili. Akageuza nyuma. Kisha akagundua anafanya kile kile alichofanya na gazeti miaka thelathini na moja iliyopita, na machozi yakamtoka mbele ya mteja.

Alifunga ofisi, akaenda dukani kwa Bonaventure, akamwekea simu mezani na kumwonyesha orodha mbili za dakika moja.

Bonaventure alivua miwani. "Oh, mon Dieu. Ni kweli. Lakini mi nifanye je? Karatasi mia mbili zilishatoka. Kiwanja ni mpaka midi, hata dakika kumi haiko." Alifikiri. "Njo hivi. Mukimbie na wanaume, ndani ya elfu tano."

Elfu tano. Yaani zimemfuata mpaka huku. Nyokabi angeweza kumfokea, angeweza kumtajia mizigo yake. Alisema tu, "Haya," kwa sauti ndogo, akarudi kwake kwa miguu.

Jumapili walisimama kwenye mstari wa kuanzia, wanaume tisa na wanawake wanne, Abigail na buibui lake. Nyokabi aliwaambia wenzake, "Asanteni. Kila mmoja aende anavyoweza." Yeye alikuwa ameamua kimoyomoyo: leo raundi ya tisa ama inipishe, ama tuanguke pamoja.

Filimbi ikalia. Wanaume wakaondoka kwa fujo ya vijana. Careen na Séphora wakatangulia, Abigail akawafuata polepole kisha akampita Nyokabi akiomba radhi. Nyokabi alibaki mwisho. Magoti yalilalamika, akayaacha yalalamike. Raundi ya tatu pumzi ikatulia, na ghafla mwili ulikumbuka: hivi ndivyo ilivyokuwa, baridi ya Nyahururu puani, nyasi zenye umande, mama yake akimwita aje anywe uji. Alikimbia akitabasamu, mzee wa watu.

Alipomaliza raundi sita na nusu, kengele ililia. Alimwona Bonaventure na suti yake, kengele mkononi, akiitikisa mbele yake yeye. Kengele hulia raundi ya mwisho, na hapa zilibaki sita! Mwenyekiti kapotea hesabu, Nyokabi aliwaza, ndiyo shida ya kumpa muuza vipuri kengele. Akaendelea.

Alipozunguka kona ya mwisho aliwaona Careen, Séphora na Abigail wamesimama nje ya mstari, mikono magotini. Wameacha. Alikuwa na hasira, akaanza hata kutafuta neno la kuwaambia.

"Auntie, malizia!" Careen alipiga kelele. "Usipunguze! Yako inaishia hapa!"

Hapo ndipo alipoelewa. Raundi saba na nusu. Elfu tatu huishia kwenye mstari ule ule ambao elfu tano huupita na kuendelea. Alikusanya alichobaki nacho, si kingi, akauvuka mstari huku wanaume wakimpita kulia na kushoto, wakiwa na safari yao.

Abigail alimshika kiuno asianguke. Bonaventure alikuja na ratiba moja iliyochapishwa, ameiweka juu ya mgongo wa Careen, anaandika kwa kalamu kwenye ukingo mweupe. "Hii binti alinipigia simu jana, akanifokea vibaya sana," alisema. "Mita elfu tatu, wanawake. Wa kwanza, Careen. Wa pili, Séphora. Wa tatu, Abigail." Kalamu ikasita. Alimtazama Nyokabi kwa aibu, maana ni mama, ni mwanzilishi, na amekuwa wa mwisho. "Wa tatu basi, inatosha? Niache hapo?"

"Hapana," Nyokabi alisema, pumzi zikimkatika. "Mpaka wa nne."

Bonaventure aliandika. Nyokabi aliichukua karatasi, akalitafuta jina lake, na safari hii hakuhitaji kugeuza nyuma.