Sekunde Arobaini za Mzee wa Ziwa

Tulikuwa tunatengeneza filamu kuhusu wafugaji wa ng'ombe wa maziwa, na kazi yangu ilikuwa kupekua kanda za zamani ofisini kwetu, hapa Eldoret mjini. Katika kanda moja niliyoirekodi mwenyewe miaka ishirini iliyopita nilimkuta mzee mmoja katika soko la mji mdogo wa Ziwa, amesimama kando ya mitungi ya maziwa, anaongea na kucheka kwa sekunde arobaini hivi. Nilimtaka sana kwenye filamu. Lakini uso wa mtu hauonyeshwi bila idhini, na kama amefariki, unaitafuta familia yake.

Mjane wake alikuja na kitindamimba wao, msichana wa chuo. Fomu nilikuwa nimeshaiweka mezani na kalamu juu yake, mjanja mimi. Mama hakuigusa.

"Hiyo nitasaini, si shida," alisema. "Lakini kwanza nataka huyu asikie sauti ya babake. Alituacha huyu akiwa na miezi tatu. Hakuna mahali ingine hiyo sauti iko."

 Kwenye simu nilikuwa nimemwambia, kwa mdomo wangu huu, kwamba tumempata mzee akiongea. Nikabonyeza tu kitufe, kanda ikaanza.

Mzee akaongea, kimya. Binti akaiinamia spika, akazungusha kitufe chake cha sauti mpaka mwisho.

"Iko mute?"

"Hapana. Haina sauti."

Nikawaeleza. Picha za namna hiyo tulizichukua ili mtangazaji asome taarifa yake wakati zinaonyeshwa, na kelele za soko zilimkera mhariri, kwa hiyo tulikuwa tukichomoa waya wa maikrofoni kabla ya kurekodi. Ndivyo tulivyofundishwa, na mimi nilikuwa hodari wa kuchomoa. Niliona aibu kulisema hilo mbele yao.

Mama aliniomba nirudishe. Nilirudisha mara sita, naye akijaribu kuifuata midomo ya mumewe.

"Hapo ni kama anasema mvua. Hapana. Sijui."

Nina kompyuta inayoweza kuondoa mikwaruzo na kurudisha rangi iliyopauka, lakini mbele ya mama yule nilikaa mikono mapajani. Maji yakimwagika hayazoleki, na haya niliyamwaga mimi.

Binti ndiye aliyeniuliza. "Si ni wewe ulikuwa umeshika kamera? Ulikuwa hapo. Alikuwa anasema nini?"

Nilichosema mimi siku ile sokoni nakikumbuka vizuri. Nilimwambia, "Mzee, endelea tu kuongea, sema chochote, sauti haitatumika." Akaendelea, mtu mwenye adabu zake, akiniangalia machoni. Nilikuwa hatua mbili kutoka kwake, nikipima mwanga.

Nikamwambia binti ukweli, kwamba sikuwa nikimsikiliza.