Musoki na Dakika ya Kunyamaza

Mama Musoki wa mtaa wa Rwambuzi anauza sombe, majani ya muhogo ya kutwanga, mbele ya nyumba yake, na kama hujamsikia, basi hujapita Bunia. Anaongea akitwanga, anaongea akipima, na wenye roho mbaya wanasema anaongea hata usingizini. Ndiye huyo huyo ambaye Stéphane, mpiga filamu wa mtaa wa Lumumba, alimchagua akae kimya mbele ya kamera. Makubwa!

Filamu yenyewe ilikuwa fupi, ya kujaribu mtindo mpya: kila mtu anakaa dakika moja karibu na kitu chenye maana kwake maishani, bila kusema neno. Musoki akaleta kinu, akavaa kitenge cha Noeli. Kanisa zima alishalitangazia kwamba filamu ikionyeshwa watamwona ukutani, mkubwa kama nyumba. Akikatwa humo, uso ataficha wapi?

"Mama, usiseme kitu," Stéphane akamwomba. "Hata kidogo."

"Siye tunajua kunyamaza," akajibu Musoki.

Lakini watu wa Rwambuzi hawapiti bila kusalimia. Akapita mzee Kule na baiskeli yake. "Jambo, mama!" Musoki akabana midomo, macho yakamtoka, kisha ikamponyoka: "Jambo sana, muzee! Na muguu, inapona?" Sasa angefanyaje? Kuacha salamu ya mtu bila jibu ni kumtukana.

Stéphane akazima kamera, akaiwasha tena. "Mama, hii ni mara ya mwisho. Ikishindikana, nitaenda kwa mwingine."

Musoki akatulia kweli. Dakika ilikuwa karibu kuisha alipotokea jirani yake, Honorine. Tangu mbuzi wa Honorine amalize mboga za lengalenga za Musoki, na Musoki amwite mwenye mbuzi jina ambalo silirudii hapa, wawili hao walipishana kama hawajuani. Roho ilimuuma Musoki, ila nani aanze?

Honorine hakuona kamera. Alisimama.

"Musoki, jambo."

Stéphane akaweka kidole mdomoni, akimsihi kwa macho. Musoki akamtazama yeye, akamtazama Honorine, ambaye tayari alikuwa anageuka kwenda zake.

"Jambo sana, dada yangu! Jambo sana!" Akaruka, kinu kikaanguka, sombe ikamwagika yote.

Walishikana mikono, hawakuachiana, wakicheka huku machozi yanawatoka. Ndipo Honorine akamwona Stéphane akirudisha kamera ndani ya begi.

"Huyu alikuwa anafanya nini hapa?"

"Alikuwa ananiuliza kitu gani iko na maana mu maisha."

"Na weye ulimujibu?"

"Sikupata nafasi," Musoki akasema, akimvutia kiti. "Ikala kwanza."